Mguu Mmoja, Waumizaji Wawili: Uchambuzi wa Kisa cha Baker v Willoughby

Mguu wa kushoto wa mtu mmoja huko Uingereza uliumizwa mara mbili. Mara ya kwanza kwa gari, mwaka 1964. Mara ya pili kwa risasi, mwaka 1967, na safari hii ikabidi ukatwe. Kesi ya gari ilikuwa bado haijasikilizwa. Upande wa mwenye gari ukaja na hoja ambayo ukiisikia kwa mara ya kwanza unaona haina jibu: tunadaiwa fidia ya mguu uliokakamaa, mguu wenyewe haupo tena, sasa tunalipia nini?

Kesi yenyewe ni Baker v Willoughby. Ilianzia Mahakama Kuu, ikapanda Mahakama ya Rufani, ikamalizikia Baraza la Malodi Novemba 1969. Enzi hizo baraza hilo, pamoja na kuwa sehemu ya bunge, ndilo lililokuwa mahakama ya mwisho. Kazi hiyo ilihamishiwa Mahakama ya Juu mwaka 2009. Wanafunzi wa sheria wa Afrika Mashariki wanaijua, maana tulirithi sheria hii ya madhara, yaani ya kumdai fidia aliyekudhuru, kutoka kwa Waingereza. Wengi huikariri kwa ajili ya mtihani, wakishafaulu wanaisahau. Mimi naona inastahili zaidi ya hapo. Ndani yake mna swali ambalo kila aliyeumia barabarani atakutana nalo siku moja, hata kama hajawahi kulitamka: hii pesa ya ulemavu ni bei ya kitu gani?

Barabarani

Tarehe 12 Septemba 1964 mdai alikuwa akivuka kwa miguu barabara kuu inayopita Mitcham Common, eneo la wazi kusini mwa London. Alikuwa amefika kama katikati ya barabara gari la mdaiwa lilipomgonga. Pale mtu anaona mbali: yadi 200, karibu mita 180, bila kizuizi. Dereva angeweza kumwona mwenda kwa miguu tangu mbali, na mwenda kwa miguu angeweza kuliona gari tangu mbali. Hakuna aliyemkwepa mwenzake.

Sisi husema ajali haina kinga. Ni neno la kufarijiana, na msibani lina mahali pake. Mahakamani halina. Huko swali la kwanza ndilo hilohilo la kinga: nani alipaswa kufanya nini, na hakukifanya? Na kwa kuwa hapa wote wawili walipaswa kuangalia, lawama ikabidi igawanywe.

Kugawanya lawama si jambo la zamani kama mtu anavyoweza kudhani. Hadi mwaka 1945, kwa sheria ya Uingereza, aliyechangia kwa uzembe wake mwenyewe kuumia alikuwa hapati kitu. Ukionekana na kosa hata la sehemu ndogo, umetoka mikono mitupu. Msiba wa kujitakia, basi, haukuwa na pole wala senti. Sheria ya mwaka 1945 ndiyo iliyowaruhusu majaji kupunguza fidia kwa kiasi cha haki badala ya kuifuta yote.

Jaji Donaldson, aliyesikiliza kesi Mahakama Kuu, alimpa mdai robo ya lawama. Mahakama ya Rufani ikasema hapana, nusu kwa nusu: kama wote walikuwa na nafasi ileile ya kuonana, kwa nini mmoja abebe zaidi? Hoja imenyooka kabisa kwenye karatasi. Baraza la Malodi likairudisha robo, na sababu aliyoitoa Lodi Reid ni ya mtu aliyewahi kuvuka barabara. Mwenda kwa miguu, alisema kwa maana hii, ana kazi ya kutazama kushoto, kulia na mbele. Anatembea labda maili tatu kwa saa, na kwa mwendo huo ni nadra awe hatari kwa mtu. Dereva hana haja ya kugeuza shingo kutazama pembeni, lakini akiwa kasi hana ruhusa ya kulegeza macho, maana akikosea matokeo ni maafa.

Nafasi ya kuona ni ileile. Anachoweza kufanya kila mmoja kwa kosa lake si kilekile. Mmoja ana viatu, mwingine ana tani nzima ya chuma. Napenda watu wakae kidogo kwenye sehemu hii kabla ya kukimbilia risasi, kwa sababu katika madai mengi ya barabarani pesa hupotea hapa, kwenye mgawanyo wa lawama, wala si kwenye hesabu ya majeraha. Kwa mdai huyu tofauti kati ya robo na nusu ilikuwa paundi 400. Jaji alikadiria fidia yake kamili kuwa paundi 1,600. Ukitoa robo inabaki 1,200, ukitoa nusu inabaki 800.

Miaka mitatu ya kuchechemea

Mguu wa kushoto uliumia vibaya, na kifundo pamoja nao. Alipona kwa namna ambayo watu wa majeraha wanaijua: jeraha linafunga, mtu anatoka hospitali, na mguu haurudi kuwa ule wa zamani. Ukabaki umekakamaa. Akajaribu kazi moja, akajaribu nyingine. Mtu aliyezoea kusimama na kwenda atakavyo anaanza kuchagua kazi kwa kuuliza kwanza mguu utasemaje.

Fidia ya mtu kama huyu huwa na mafungu. Lipo la gharama na mishahara iliyokwisha kupotea hadi siku ya kesi, ambalo lina risiti na hesabu. Lipo la maumivu. Lipo la raha za maisha zilizopungua: kucheza, kukimbilia basi, kubeba mtoto mabegani, kulala bila kugeuka kila saa. Na lipo la uwezo wa kuchuma siku zijazo. Kwa hili la mwisho mahakama za Uingereza hukadiria kwanza pengo la mwaka mmoja kati ya alichokuwa akipata na anachopata sasa, kisha huzidisha kwa idadi fulani ya miaka. Idadi hiyo huwa ndogo kuliko miaka iliyobaki kazini, kwa sababu mbili: pesa ya miaka mingi analipwa yote leo, na maisha yana mikasa yake ambayo ingeweza kumkuta hata bila ajali. Kumbuka hiyo sababu ya pili. Itarudi na kuleta matata.

Daktari akiandika ripoti hupenda kueleza kiungo: kifundo kinapinda kwa nyuzi kadhaa, misuli ya shavu la mguu imepungua unene. Hilo ni muhimu, lakini ni maelezo ya mguu tu. Wachukue watu wawili wenye kifundo kilichoharibika sawasawa, mmoja mpiga chapa wa ofisini, mwingine mchukuzi wa mizigo. Picha za eksirei zitafanana. Maisha yao baada ya ajali hayafanani kabisa. Wa kwanza atarudi mezani kwake akichechemea. Wa pili kazi imekwisha. Ndiyo maana nasema mdai anayefika mahakamani na bahasha nene ya eksirei, lakini hana mtu wa kueleza asubuhi yake inavyokwenda, amebeba nusu ya kesi.

Tarehe 29 Novemba 1967

Miaka mitatu baada ya ajali mdai alikuwa akifanya kazi ya kuchambua vyuma chakavu. Siku hiyo alikuwa peke yake. Watu wawili wakaingia. Mmoja akadai pesa na kutishia kupiga risasi. Akakataa kutoa. Risasi ikampata mguuni, mguu uleule wa kushoto, ikauharibu kiasi kwamba madaktari wakalazimika kuukata.

Akapona vizuri kadiri ilivyowezekana. Sasa alikuwa na mguu wa bandia mahali ambapo, bila majambazi, angekuwa na mguu uliokakamaa. Ulemavu wake ulizidi kidogo tu kuliko ule ambao tayari alikuwa nao. Neno "kidogo" hapa ni la maana sana, wala halimaanishi kwamba kukatwa mguu ni jambo dogo. Mtu mwenye miguu mizima akikatwa mmoja anapoteza mengi. Huyu alikuwa amekwisha kupoteza sehemu kubwa ya faida ya mguu huo tangu 1964.

Majambazi hawakuwa watu wa kufikisha mahakamani na kudai pesa. Lakini kwa ajili ya hoja, tuwaze kwamba wangekamatwa wakiwa matajiri. Wangelipa nini?

Wangelipa walichoongeza tu. Sheria inasema ukimdhuru mtu unamchukua kama ulivyomkuta. Kwa kawaida kanuni hii humsaidia mdai: ukimgonga mtu mwenye mifupa myepesi na akavunjika kuliko ambavyo mwingine angevunjika, huwezi kujitetea kwa mifupa yake. Lakini kisu hiki kinakata pande zote mbili. Ukimpiga risasi kilema, unalipia tofauti kati ya kilema uliyemkuta na kilema uliyemwacha.

Kuna kesi ya Mahakama ya Rufani ya mwaka 1961, Performance Cars v Abraham, inayoonyesha jambo hili kwa gari badala ya mtu, nayo ni rahisi kuikumbuka kwa sababu gari lenyewe ni Rolls-Royce. Liligongwa na dereva wa kwanza hadi likahitaji kupakwa rangi upya, kazi ya paundi 75. Mwenye gari akashinda kesi, lakini hajalipwa. Kabla hajapaka rangi, dereva wa pili akaligonga, nalo kwa mgongano huo peke yake lingehitaji rangi ileile. Mwenye gari akamdai wa pili. Akashindwa: ulipoligonga tayari lilikuwa gari la kupakwa rangi, hukuongeza haja hiyo. Haikujalisha kwamba wa kwanza alikuwa hajatoa hata senti.

Kilichosemwa na upande wa mwenye gari

Sasa hoja iliyofunguliwa na risasi inaonekana vizuri zaidi. Upande wa mdaiwa ulikubali kulipia miaka mitatu, kuanzia Septemba 1964 hadi Novemba 1967. Kuanzia hapo, walisema, chanzo cha ulemavu ni kingine. Mguu uliokakamaa ndio ulioleta hasara. Mguu huo umeondolewa na majambazi. Hasara yoyote baada ya hapo ni ya majambazi. Mtu hapotezi mguu mmoja mara mbili.

Mahakama ya Rufani ilikubali. Nami nakiri, kila ninaporudia hoja hii najikuta nimeshawishika kwa dakika moja hivi. Ina uzuri wa hesabu. Uovu wake unaonekana pale tu unapojumlisha safu zote mbili na kuona zinatoa nini.

Tufanye hivyo. Tuseme uwezo wa mtu kuishi na kuchuma ulikuwa 100. Gari likaushusha hadi 70. Risasi ikaushusha kutoka 70 hadi 60. Majambazi, kwa kanuni ya kumchukua mtu kama walivyomkuta, wanadaiwa 10 tu. Mwenye gari, kwa hoja yake, hadaiwi kitu tangu siku ya risasi. Zile 30 zilizotoweka barabarani Mitcham zinalipwa na nani? Hakuna. Kila mmoja anamwonyesha mwenzake kidole, na mlemavu amesimama katikati na mguu wa bandia. Ameumizwa mara ya pili, na zawadi yake ya kuumizwa ni kunyang'anywa fidia ya mara ya kwanza.

Baraza la Malodi

Majaji watano walilikataa hilo, lakini njia walizopita hazikuwa moja, na tofauti yao ina thamani.

Lodi Reid alianzia kwenye msingi. Mtu halipwi kwa ajili ya jeraha lenyewe, analipwa kwa hasara anayoipata kutokana na jeraha hilo. Hasara ya mdai, alieleza, haimo katika kuwa na mguu uliokakamaa. Imo katika kushindwa kuishi maisha kamili, kushindwa kufurahia yale yanayotegemea uhuru wa kutembea, na kushindwa kuchuma kama alivyokuwa akichuma au kama ambavyo angechuma. Kisha akauliza: risasi imepunguza lipi kati ya hayo? Hakuna hata moja. Kama halikupungua, kwa nini tuseme limefutika?

Ukishauona msingi huo, ile hoja ya mguu usiokuwepo inakosa pa kushika. Ilisimama juu ya dhana kwamba fidia imefungwa kwenye nyama na mfupa, kama hatimiliki ilivyofungwa kwenye kiwanja: kiwanja kikimezwa na bahari, hati inabaki karatasi. Reid alihamisha fidia kutoka kwenye kiungo, akaipeleka kwenye maisha ya mwenye kiungo. Na maisha yale yalikuwa bado yapo, yamepungua vilevile na zaidi.

Lakini alipotaka kueleza kwa lugha ya visababishi, Reid alisema ulemavu wa baada ya risasi una vyanzo viwili vinavyokwenda sambamba, gari na risasi. Hapo mimi namwacha kidogo. Ukisema vyanzo viwili viko sambamba daima, utalazimika kusema hivyo hata kama chanzo cha pili ni ugonjwa, au uzee, au mtu kuanguka bafuni kwake. Reid mwenyewe aliliwekea jambo hili mpaka: tukio la pili likipunguza ulemavu wa kwanza, au likifupisha muda ambao mtu ataubeba, basi mdaiwa atalipa kidogo. Swali la ugonjwa halikufungwa sawasawa na mpaka huo.

Lodi Pearson alipita njia iliyo wazi zaidi. Aliiona ile dhuluma ya kumwacha mtu kati ya wadhalimu wawili, na hakuona haya kuitaja. Kwake, ajali ya kwanza ilimshusha mtu thamani, kwa maana ya kupunguza kwa ujumla uwezo wake wa kufanya mambo, kupata pesa na kufurahia maisha. Aliyesababisha mshuko huo anabaki kuudaiwa wote, isipokuwa kama kabla ya hesabu kufanywa limetokea jambo la kuupunguza, kwa mfano mtu kupata nafuu isiyotarajiwa, au la kufupisha maisha yake. Wa pili atadaiwa mshuko wa ziada alioongeza yeye. Na akaongeza kauli ambayo kwa maoni yangu ndiyo kitovu cha hukumu nzima: tukio la pili halikumpunguzia mdai ulemavu, lilimzidishia, haifai apate kidogo kwa sababu hali yake imekuwa mbaya zaidi.

Linganisha na hesabu yetu: gari linadaiwa 30, majambazi 10, jumla 40, sawasawa na kilichopotea.

Jambo moja husahaulika. Kama risasi ingempata kifuani na kumuua, matokeo yangekuwa tofauti kabisa. Muda wa kubeba ulemavu ungekuwa umekatika siku hiyo, na mwenye gari angelipia hadi Novemba 1967 tu. Kifo kinafunga hesabu ya ulemavu. Kuumizwa upya hakuifungi. Na nadhani, kwa kufuata mpaka wa Reid, kuna sehemu ndogo ambayo hata kukatwa mguu kungeweza kuipunguza: maumivu ya kifundo chenyewe. Kama daktari angesema kifundo kile kingezidi kuuma kadiri miaka inavyokwenda, basi maumivu hayo ya baadaye yaliondoka na mguu. Ni fungu jembamba, lakini mwanasheria makini wa upande wa mdaiwa angelichimba hilo badala ya kutaka kufuta yote.

Uamuzi wa Jaji Donaldson ukarudishwa: fidia ya maisha yote, toa robo.

Muuza nyama

Miaka michache baadaye ile sehemu niliyosema haikufungwa sawasawa ilipasuka. Januari 1973 meneja wa duka la nyama aliteleza kazini na kuumia mgongo. Hii haikuwa ajali ya barabarani, lakini kanuni za hesabu ni zilezile. Uwezo wake wa kuchuma ukakatika nusu. Mwaka 1976, kabla kesi haijasikilizwa, akagundulika ana ugonjwa wa uti wa mgongo sehemu ya shingo, usiohusiana na kuteleza kule, ambao ulimtoa kazini moja kwa moja.

Kesi hii, Jobling v Associated Dairies, ilifika Baraza la Malodi mwaka 1981. Jaji wa kwanza alifuata Baker na kumpa mtu fidia kana kwamba ugonjwa haupo. Mahakama ya Rufani ikageuza, na Malodi wakakubaliana nayo: fidia ya kipato inakoma mwaka 1976. Mwajiri hakuambiwa alipe mshahara wa miaka ambayo mtu huyo, hata asingeteleza, angekuwa nyumbani mgonjwa.

Ndipo ile mikasa ya maisha niliyoomba uikumbuke inaporudi. Mahakama hupunguza kizidishi, yaani ile idadi ya miaka, kwa kukadiria kwamba huenda mtu angeugua au angeachishwa kazi hata bila ajali. Kama mkasa wenyewe umekwisha kutokea na unaonekana kwa macho, kukadiria kwa nini? Ukiupuuza, unampa mtu zaidi ya kile ajali ilichomnyang'anya.

Malodi wa mwaka 1981 hawakuwa wapole kwa wenzao wa 1969. Lodi Edmund-Davies alisema hawezi kupata kanuni ya sheria au ya mantiki yenye kushawishi ya kuubeba uamuzi wa Baker. Lodi Wilberforce aliwakumbusha watu kwamba Uingereza ilikuwa na mpango wa serikali wa kuwafidia walioumizwa kwa uhalifu, ulioanza mwaka uleule wa 1964. Huenda mtu aliyepigwa risasi hakuwa ameachwa mikono mitupu kama ilivyodhaniwa. Hata hivyo hawakuifuta Baker. Ikabaki kwa kesi za wadhalimu wawili wanaofuatana, na Jobling ikachukua zile ambazo cha pili ni maradhi.

Wapo wanaosema mpaka huu ni wa kiraka. Ni kiraka kweli, ila mimi naona kimeshonwa mahali panapofaa. Maradhi hayana wa kudaiwa. Hasara yake ingemwangukia muuza nyama kwa vyovyote, hata kama sakafu ya duka ingekuwa kavu. Risasi ina mwenyewe, na ile kanuni ya kumchukua mtu kama ulivyomkuta inampunguzia huyo mwenyewe deni lake kwa sababu tu kuna mwingine aliyetangulia kudaiwa. Ukimpunguzia wa pili kwa kumtegemea wa kwanza, huwezi kugeuka ukampunguzia wa kwanza kwa kumtegemea wa pili. Hilo tu. Wala halihitaji nadharia ya vyanzo sambamba.

Kinachonisumbua zaidi katika visa hivi viwili ni kalenda. Malumbano yote ya Baker yaliwezekana kwa sababu kesi ilikuwa bado kusikilizwa risasi ilipolia. Kwa utaratibu wa wakati ule fidia ya majeraha ilitolewa mara moja, kwa fungu moja, na haikufunguliwa tena. Muuza nyama angesikilizwa mwaka 1975, angelipwa kwa makadirio ya miaka mingi ya kuchuma nusu mshahara, na ugonjwa wa mwaka uliofuata usingemrudishia mwajiri hata peni. Na mdai wetu wa Mitcham, aliyegongwa Septemba 1964, kama angepata siku yake mahakamani wakati wowote katika miaka mitatu iliyofuata, asubuhi ya tarehe 29 Novemba 1967 angeingia kazini kwenye vyuma chakavu akiwa na fidia yake mfukoni, na Malodi wasingekuwa na mguu wa kuujadili.